Beksiński hakuchora msiba wake

Mhariri,

Wiki hii mmeuliza ni mchoraji gani wa picha za kutisha ambaye watu wamemwelewa vibaya. Kwangu ni Zdzisław Beksiński wa Poland.

Akitajwa tu, watu hukimbilia kifo chake. Februari 2005, nyumbani kwake Warsaw, aliuawa kwa kuchomwa kisu mara 17 na kijana ambaye alikuwa amemnyima mkopo. Mkewe, Zofia, alikuwa amefariki mwaka 1998, na mkesha wa Krismasi wa 1999 mwanawe Tomasz, mtangazaji wa redio, akajiua. Basi utasikia: mtu wa misiba kama hiyo angechora nini, kama si mifupa na magofu?

Jamani, tazameni miaka! Picha zilizompa jina alizichora kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960 hadi katikati ya miaka ya 1980, mke na mwana wakiwa hai. Alikuwa mtu wa kukaa nyumbani, mpenda mazungumzo, aliyesomea usanifu majengo Kraków na kuwahi kubuni mabasi katika kiwanda cha Sanok, mji alikozaliwa mwaka 1929. Alipaka rangi za mafuta juu ya hadibodi huku muziki wa klasiki ukirindima chumbani.

Wengine huitaja vita. Wajerumani walipoingia Poland alikuwa na miaka 10, na Wayahudi wa mji wake waliangamizwa. Sikatai kwamba mtoto huona na kuweka moyoni. Ila mwenyewe aligoma kufasiri picha zake, akakataa hata kuzipa majina, na baadhi alisema zina matumaini.

Mimi namwamini. Chukueni ile ya watu wawili waliokumbatiana: wamekonda hadi nyama imebaki nyuzinyuzi, na miili imeshikamana hata hujui ya huyu inaishia wapi na ya yule inaanzia wapi. Inatisha, kweli. Lakini wamekumbatiana, tena kwa nguvu zote, na mchoraji aliyekaa na kila uzi wa nyama ile kwa subira namna hiyo hakuwa akisherehekea kifo.

Waliomwelewa ni wabunifu wenzake. Mchezo wa kompyuta The Medium wa mwaka 2021, uliotengenezwa Kraków, umejengwa juu ya mandhari zake. Na Sanok, jumba la makumbusho alilolirithisha kazi zake linazionyesha ndani ya ngome ya mji. Anayetaka kumjua aanzie kwenye picha hizo. Habari za mauaji azisome baadaye.

Msomaji wenu