Shangazi wa Santuri anajibu: Mnaniuliza habari za Belafonte

Toleo lililopita nilitaja kwa kupita tu kwamba miongoni mwa santuri ambazo sitamwazima mtu hata akinipigia magoti imo ile ya Harry Belafonte na Miriam Makeba. Sikujua nachokoza nyuki. Nusu yenu mnamjua Makeba vizuri, ila Belafonte kwenu ni "yule mwanamume". Haya, safu ya leo yote ni yake. Walioniuliza habari za gambusi na za Bi Kidude watangoja zamu yao.

*Shikamoo Shangazi. Babu alikuwa fundi redio hapa Ngamiani, ametuachia santuri yenye Malaika, Makeba anaimba na mwanamume. Nyumbani tunabishana: ni Mkenya, ni Mkongo au ni wa huko huko kwa Makeba?*
Mjukuu wa fundi, Tanga

Marahaba mwanangu. Wote mmekosa. Belafonte alizaliwa Harlem, jijini New York, tarehe 1 Machi 1927, na asili ya wazazi wake ni visiwa vya Karibiani. Mama yake alikuwa wa Jamaica. Utotoni alipelekwa huko kulelewa na bibi yake, akakaa miaka kadhaa, ndipo akarudishwa New York. Kiswahili hakukua nacho, na Makeba naye hakukua nacho.

Santuri mliyorithi ni ya mwaka 1965, jina lake An Evening with Belafonte/Makeba. Nyimbo nyingi humo ni za Afrika Kusini, za Kizulu, Kixhosa na Kisotho, tena nyingine ni za moto: mmoja unamwonya Verwoerd, waziri mkuu wa ubaguzi wa rangi kule, kwa jina lake. Aliyezipanga ala ni Jonas Gwangwa, mpiga tromboni wa Afrika Kusini. Mara nyingi kila mmoja anaimba wake peke yake, na Malaika ni mojawapo ya chache walizoimba pamoja. Kwenye jalada utaukuta umeandikwa My Angel, usije ukadhani wimbo wenu haupo. Mwaka 1966 wakapata tuzo ya Grammy.

Suala la mtunzi sitaliingia. Fadhili William ndiye aliyeurekodi tukaujua, na wapo wanaoapa kwamba aliyetunga ni Adam Salim. Mkitaka kupigania hilo, santuri iwekeni mbali kwanza isije ikavunjika.

*Shangazi, nasoma sanaa za maonyesho Bagamoyo. Mwalimu wangu ananikataza kuimba kwenye kumbi za usiku, anasema naua uigizaji wangu. Huyo Belafonte alikuwa mwimbaji aliyejaribu kuigiza, au mwigizaji aliyejaribu kuimba?*
Mwanafunzi, Bagamoyo

Swali hili ndilo lililonifanya nimpe safu nzima, kwa hiyo kaa vizuri.

Mwigizaji. Tena kuimba kwenyewe alikuingilia kwa sababu ya njaa.

Alitoka jeshi la wanamaji la Marekani baada ya Vita Kuu ya Pili, hana kisomo cha maana, akapata kibarua cha kusaidia kutunza majengo ya wapangaji. Siku moja alimtengenezea mpangaji mapazia ya dirishani, na bakshishi yake ikawa tiketi mbili za American Negro Theatre, kundi la maonyesho la Weusi pale Harlem. Alikwenda kutazama, akashikwa. Alianza kwa kujitolea nyuma ya jukwaa, akaishia mbele yake. Nafasi yake kubwa ya kwanza ilikuwa katika Juno and the Paycock, mchezo wa Sean O'Casey kuhusu familia maskini ya Dublin. Kijana wa Harlem mwenye damu ya Jamaica anacheza Mwailandi! Kati ya waliokuja kutazama alikuwemo Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji mweusi aliyekwisha kuvuma, naye akawatia moyo.

Hapo hapo alikutana na Sidney Poitier, wakawa marafiki wa kufa na kuzikana. Katika mchezo wa Days of Our Youth, Poitier alikuwa mwigizaji wa akiba wa Belafonte. Jioni moja Belafonte hakufika kwa sababu kibarua cha usafi kilimbana, Poitier akapanda badala yake, na siku hiyo hiyo ukumbini alikuwepo mtu wa Broadway, kwenye kumbi kubwa za maonyesho za New York, aliyekuwa akitafuta waigizaji. Poitier akachukuliwa. Miaka yote waliyoishi Belafonte hakuacha kumkumbusha kwamba ustaa wake ulitokana na takataka za wapangaji wa mwenziwe.

Kisha akaingia Dramatic Workshop, shule ya Erwin Piscator, Mjerumani aliyewakimbia Manazi. Karo ilitoka kwenye mpango wa serikali wa kuwasomesha askari waliorudi vitani. Darasani alikuwemo Marlon Brando, aliyekuja kuwa nyota wa filamu. Sasa sikiliza: Brando akimaliza shule, michezo inamngoja. Belafonte akimaliza, nafasi zilizopo kwa mtu mweusi ni mtumishi na mbeba sinia. Ndipo mwaka 1949 akapanda jukwaani Royal Roost, ukumbi wa jazi, aimbe wakati wa mapumziko apate kodi ya nyumba. Usiku wa kwanza walimsindikiza Charlie Parker na Max Roach, magwiji wa jazi, kwa hisani yao tu. Angekuwa mwingine angeliona pepo imefunguka.

Yeye alirekodi vijiwimbo vya mapenzi, vikamchosha, akaacha. Akafungua na wenzake mkahawa mdogo Greenwich Village, na huku akijifungia katika Maktaba ya Bunge kule Washington kusikiliza rekodi za wafungwa, wavuvi, wakata miwa. Kwa nini? Kwa sababu nyimbo hizo zina mtu ndani yake. Ana jina la kazi, ana jasho, ana bosi anayemdai. Yaani zina nafasi ya kuigiza, ile aliyonyimwa kwenye tamthilia. Mwaka 1951 alipopanda Village Vanguard na nyimbo hizo, shati wazi kifuani, alikuwa anacheza michezo kumi kwa usiku mmoja, kila wimbo mhusika wake.

Ushahidi? Mwaka 1954 alipata tuzo ya Tony, ile ya michezo ya Broadway, mwanamume mweusi wa kwanza wa Marekani kuipata, kwa onyesho la John Murray Anderson's Almanac. Kazi yake humo ilikuwa kuimba. Tuzo aliyopewa ni ya uigizaji.

Kwa hiyo mwalimu wako mheshimu, ila mwulize swali moja: ananikataza kuimba, au ananikataza nyimbo ninazoimba? Kama huko usiku unaigiza sauti ya msanii fulani anayevuma wiki hii, mwalimu ana haki. Kama unapanda ukiwa mtu mwingine kila wimbo, hiyo ni tamrini, na isitoshe unalipwa.

*Assalaam aleikum. Sisi wa Mombasa tunaujua uchungu wa mgeni kuchukua wimbo akatajirika nao. Huyu alijiita Mfalme wa Kalipso, na Trinidad hakuzaliwa. Unamsifia nini?*
Mpenzi wa taarab, Mombasa

Wa aleikum salaam. Hakujiita. Waliompachika ni wauzaji, na yeye alilikataa jina hilo mara nyingi, akisema wazi kwamba wafalme wa kalipso wako Trinidad na yeye si mmoja wao. Ni kweli Watrinidadi walikasirika. Kalipso yao ni ya malumbano, mtunzi anamchoma waziri na jirani kwa beti alizotunga mwenyewe, ukipenda iite mipasho ya huko. Alichoimba Belafonte kwa sehemu kubwa ni nyimbo za kazi na mento, muziki wa kienyeji wa Jamaica, zilizolainishwa kwa masikio ya Wamarekani.

Santuri yenyewe, Calypso ya 1956, ilikaa wiki 31 juu kabisa kwenye chati ya Billboard na ikauza zaidi ya nakala milioni moja, jambo ambalo santuri kubwa ya mwimbaji mmoja ilikuwa haijawahi kulifikia Marekani. Kati ya nyimbo zake 11, nane ni kazi ya Irving Burgie, aliyezaliwa Brooklyn na mama wa Barbados. Huyo hakudhulumiwa. Jina lake la sanaa, Lord Burgess, lilitajwa, na baadaye ndiye aliyeandika maneno ya wimbo wa taifa wa Barbados. Basi hapo sioni mwizi, naona watoto wawili wa wahamiaji wanaimba ya kwao.

Lakini nusu ya kesi nakupa. Day-O, ule uliompa jina duniani, mzizi wake ni wimbo wa makuli wa Jamaica waliopakia ndizi melini usiku kucha, kunakucha wanamtaka karani aje ahesabu mikungu waende zao nyumbani. Hao majina yao hayapo popote na senti hawakuona. Wewe wa Mombasa unayewajua hamali wa bandarini unaelewa ninachosema. Belafonte alisema anawaimbia watu wake, na namwamini, maana utotoni alilelewa huko huko Jamaica. Malipo lakini ni kitu kingine.

*Bi Santuri, kwenye Carmen Jones mbona sauti yake siyo?*
Mtazamaji, Unguja

Umesikia sawasawa. Filamu hiyo ya 1954 inatumia muziki wa opera ya Bizet, na watengenezaji wakaona sauti zake na za Dorothy Dandridge si za opera. Anayeimba ni LeVern Hutcherson, Belafonte anafungua mdomo tu. Mwimbaji mzima ameajiriwa aigize, aimbiwe! Naipenda filamu ile, lakini kila akifungua mdomo nageuza uso.

*Habari Shangazi. Mzee wangu husema Belafonte ndiye aliyewalipia akina Wangari Maathai kwenda kusoma Amerika. Ni kweli ama ni stori za wazee?*
Msomaji, Nairobi

Njema, mwanangu. Mzee hajakosea sana, amezidisha chumvi kidogo. Tom Mboya, kiongozi wa vyama vya wafanyakazi Kenya, alikuwa na vijana waliokwishapata nafasi katika vyuo vya Marekani lakini hawana nauli ya ndege. Mwaka 1959 barua ya kuomba michango ikatoka ikiwa na sahihi tatu: Jackie Robinson wa besiboli, Sidney Poitier na Harry Belafonte. Wananchi wa kawaida wakachanga, na Septemba mwaka huo ndege ikaondoka na wanafunzi 81. Wangari Maathai alikwenda mwaka uliofuata, 1960, na safari hiyo fedha nyingi, dola 100,000, zilitoka kwenye wakfu wa familia ya Kennedy.

Ila usimwache mzee wako akiwa ameshindwa. Mwambie kwamba mwaka 2004 Belafonte alikuja Kenya kama balozi wa UNICEF kwa ajili ya elimu ya watoto. Na mwaka 1964, yeye na Poitier waliruka hadi Mississippi na dola 70,000 taslimu kwenye begi, kuwapelekea vijana waliokuwa wakiandikisha wapigakura weusi, huku Ku Klux Klan, genge la Wazungu wabaguzi, wakiwafukuza barabarani kwa magari. Hizo nazo zinafanana na stori za wazee, na zilitokea.

*Shangazi, hapa Muscat tumebishana kwenye kahawa: eti ule wimbo wa njaa ya Ethiopia ulitaka kutiwa Kiswahili?*
Mwana wa Pemba, Muscat

Ulitaka. We Are the World lilikuwa wazo la Belafonte. Mwishoni mwa 1984 alimpigia simu meneja Ken Kragen, akisema ni aibu wanamuziki weusi wa Marekani kukaa kimya Waafrika wakifa njaa. Wimbo wakautunga Michael Jackson na Lionel Richie, na usiku wa tarehe 28 Januari 1985 wakakusanyika studio Hollywood. Katikati ya usiku Stevie Wonder akaja na shauri kwamba watie mstari wa Kiswahili. Wengine wakababaika, na Bob Geldof, mwanamuziki wa Ireland aliyekuwa ametoka Ethiopia, akawaambia kwamba Waethiopia hawasemi Kiswahili. Likafa hapo. Nakiri nilicheka sana niliposikia, maana sisi ndio tuliozoea kuambiwa kwamba Afrika nzima ni kijiji kimoja.

Jambo zuri la usiku ule ni jingine. Katika kungojangoja, wakamwanzia Day-O, mastaa wale wote, wamchombeze mzee. Belafonte akaitikia, na kwenye picha unamwona amefurahi kama mtoto wa Idd.

*Nianze na santuri ipi?*
Mgeni wa muziki, Dodoma

Belafonte at Carnegie Hall, 1959. Ile ya Makeba ifuate baadaye. Humo ataimba ya Jamaica, ataimba Hava Nagila ya Wayahudi, ataimba ya Kiailandi, na kila moja utamwona ni mtu tofauti. Kisha nenda moja kwa moja hadi Matilda, mwanamke aliyemwibia fedha akakimbilia Venezuela. Wimbo unavutwa hadi dakika zaidi ya kumi kwa sababu hawaachi watu wa ukumbini wakae: anawagawa makundi, wa juu waimbe, wa chini waimbe, anawasuta wanaonong'ona. Akifika kwa wanawake waliovuka arobaini, punguza sauti ya redio kidogo. Mimi huwa naitikia na madirisha yako wazi.