Barua kwa mwanangu: aliyetia saini na waliomngoja nyumbani

Mwanangu mpenzi,

Barua yako imenifikia salama, na sisi sote hapa Mombasa tu wazima. Umeniuliza kama ni kweli, kama anavyoshikilia mwenzako wa chuoni, kwamba mikataba ya kupunguza manowari iliyowekwa baina ya vita kuu mbili ilivunjika kwa sababu Japani haikuwa na nia ya kuitimiza tangu mwanzo. Nimefundisha historia miaka mingi kiasi cha kujua kuwa swali hilo lina jibu fupi, na jibu lenyewe ni hapana. Lakini kinachonishughulisha mimi ni yule mtu aliyetumwa mbali kuzungumza, akarudi na karatasi yenye saini, na namna alivyopokewa kwao. Umelisikia neno langu hili tangu udogo wako na utanivumilia nikilirudia: mkataba hauuawi mezani ulipozungumzwa, huuawa nyumbani kwa aliyeutia saini.

Itazame siku ya kwanza ya mkutano wa Washington, tarehe 12 Novemba 1921. Siku moja kabla yake Marekani ilikuwa imemzika askari wake asiyejulikana katika makaburi ya Arlington, na wajumbe waliingia ukumbini wakitarajia hotuba ya makaribisho tu. Charles Evans Hughes, Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, akaanza kuwasomea orodha. Alisema nchi yake iko tayari kuvunja manowari kubwa 30, zikiwemo ambazo zilikuwa bado zinaundwa, kisha akawageukia wageni wake na kuitaka Uingereza ivunje 19 na Japani 17, akizitaja nyingi kwa majina mbele ya maofisa waliokuwa wamezipigania bajeti zake. Jumla ilikuwa manowari 66, karibu tani 1,900,000 za chuma, na juu ya hapo miaka 10 ipite bila mtu yeyote kuunda nyingine. Kila nilipolifikisha darasa langu kwenye hotuba ile wanafunzi walinyamaza kimya, na mimi mwenyewe, hata leo, nikiisoma moyo wangu hufurahi, kwa kuwa ni nadra katika historia mwenye nguvu kuanza kutaja vyake mwenyewe vya kuvunjwa kabla ya kutaja vya mwenzake.

Mkataba ulitiwa saini tarehe 6 Februari 1922. Uingereza na Marekani ziliruhusiwa tani 525,000 za manowari kubwa kila moja, Japani tani 315,000, yaani asilimia 60 ya zile za Marekani, Ufaransa na Italia tani 175,000 kila moja. Hakuna manowari kubwa mpya iliyopaswa kuzidi tani 35,000, wala mzinga wenye mdomo unaozidi inchi 16. Ufaransa iliumia sana kulinganishwa na Italia, lakini habari za Ufaransa nitakuandikia siku nyingine.

Katika ujumbe wa Japani walikuwamo maadmeri wawili wenye jina la Katō, wasio na udugu wowote. Katō Tomosaburō alikuwa Waziri wa Jeshi la Majini, mtu aliyekuwa mkuu wa wasaidizi wa Admeri Tōgō katika vita vya Tsushima mwaka 1905, Japani ilipoishinda Urusi baharini, kwa hiyo hapakuwa na mtu wa kumfundisha ushujaa wa baharini. Katō Kanji alikuwa mshauri wake mkuu wa mambo ya manowari. Huyu wa pili aliamini kwamba Japani haiwezi kujilinda ikiwa na chini ya asilimia 70 ya nguvu za Marekani, kwa hesabu kwamba adui anayevuka Pasifiki nzima hana budi kuja na nguvu nyingi za ziada ili ashinde. Asilimia 60, kwake, ilikuwa sawa na kukubali kushindwa kabla ya vita. Yule wa kwanza aliiangalia hesabu nyingine. Jeshi la majini lilikuwa linameza karibu theluthi moja ya matumizi ya serikali ya Japani, na endapo vita na Marekani vingetokea, nchi pekee yenye uwezo wa kuikopesha Japani fedha za kuvipigana ilikuwa Marekani yenyewe. Katō Tomosaburō akakubali 60, lakini hakurudi mikono mitupu: aliiokoa manowari mpya Mutsu isivunjwe, na alipata ahadi kwamba Marekani na Uingereza hazitaongeza ngome wala vituo vya kijeshi Guam, Ufilipino na Hong Kong. Kwa nchi iliyoko mbali na Washington kiasi kile, ahadi hiyo ilikuwa na thamani ya manowari kadhaa.

Mwambie na jambo hili huyo mwenzako anayesema habari za nia. Wakati wajumbe wa Japani wanazungumza, Herbert Yardley, mfumbuaji wa maandishi ya siri wa serikali ya Marekani, na wenzake huko New York walikuwa wanazifumbua telegramu zao za siri. Telegramu ya Tokyo ya tarehe 28 Novemba 1921, iliyowaruhusu wajumbe kushuka hadi 60 kama hapana budi, Wamarekani waliisoma. Hughes alijua kwamba akikaza, mwenzake atalegea, naye akakaza. Yardley alipoyatoa hadharani mambo hayo mwaka 1931, Wajapani walijua kuwa mwenyeji wao alikuwa akisoma barua za mgeni wake. Sisemi kwamba hilo lilibatilisha mkataba. Nasema kwamba kulizungumzia suala la uaminifu kwa kuitaja Japani peke yake si haki.

Hapa ndipo ninapomkumbuka babu yako, na unajua kwa nini. Mwaka ule wa mgomo wa bandarini makuli walimchagua yeye na wengine wachache wakazungumze na wakubwa wa kampuni, naye alikwenda akiwa amevaa kanzu yake ya Idi. Walirudi na nyongeza iliyopungua kuliko ile iliyodaiwa, lakini ilikuwa nyongeza, na hakuna aliyefukuzwa kazi. Kabla ya magharibi mtaa mzima ulikwisha kusema kwamba amenunuliwa. Alipokaa barazani watu waliinuka mmoja mmoja. Jirani yetu wa ukuta mmoja, aliyekuwa akiniita mwanangu na kunipa visheti kila Ijumaa, alinigeuzia kisogo nilipomwamkia shikamoo, na mimi nilikuwa mtoto mdogo nisiyejua hata mshahara ni nini. Nyongeza ile aliipokea, mwezi wa kwanza na miezi yote iliyofuata, na watoto wake walisomeshwa kwayo. Mjomba wako husema nimeshika kinyongo cha watu waliokwisha kufa. Huenda. Lakini babu yako hakukubali tena kuchaguliwa kuzungumza kwa niaba ya mtu yeyote, na waliokwenda baada yake walikuwa watu wa kupiga kelele tu.

Katō Tomosaburō alikuwa na uzito wa kuwanyamazisha walio nyumbani. Alifanywa Waziri Mkuu mwaka 1922, lakini alifariki mwezi Agosti 1923 akiwa madarakani, na tangu hapo hapakuwa na mtu wa kimo chake ndani ya jeshi la majini. Mwaka 1924 Marekani ikapitisha sheria ya uhamiaji iliyowafungia mlango Wajapani, miaka mitano tu baada ya ombi la Japani la usawa wa mataifa na rangi kukataliwa katika mkutano wa amani huko Paris. Katō Kanji hakuhitaji kubuni hoja. Wamarekani wenyewe walimpelekea.

Kisha ukaja mkutano wa London. Mkataba wake, wa tarehe 22 Aprili 1930, uligusa manowari ambazo ule wa Washington uliziacha bila idadi, yaani zile zisizozidi tani 10,000, pamoja na nyambizi. Kwa jumla Japani ilipata takriban ile asilimia 70 iliyoililia, na katika nyambizi ilipata usawa kamili, tani 52,700 kwa kila upande. Katika manowari za tani 10,000 zenye mizinga ya inchi 8 ndipo ilipobaki karibu na 60. Waziri Mkuu Hamaguchi Osachi alikubali. Katō Kanji, ambaye sasa alikuwa mkuu wa makao ya jeshi la majini, alidai kwamba ukubwa wa jeshi ni jambo la mfalme na makamanda wake, na kwamba serikali ya kiraia haina mamlaka ya kuuamua bila ridhaa yao. Alijiuzulu kwa hasira. Chama cha upinzani, Seiyūkai, kilichoongozwa na Inukai Tsuyoshi, kikaidaka hoja ile ya makamanda na kuipiga nayo serikali bungeni, kana kwamba wanasiasa hawatakuja kuzihitaji haki zile walizokuwa wanazigawa. Hamaguchi hakutikisika. Mkataba uliridhiwa mwezi Oktoba, na tarehe 14 Novemba 1930, katika kituo cha reli cha Tokyo, kijana mmoja wa kundi la wazalendo wenye siasa kali alimpiga risasi.

Hakufa siku ile. Wapinzani walishinikiza aende bungeni kujibu maswali, naye alikwenda mwezi Machi 1931 akiwa mgonjwa, akajiuzulu mwezi uliofuata na kufariki mwezi Agosti. Inukai alikuwa Waziri Mkuu kabla mwaka ule haujaisha, na tarehe 15 Mei 1932 maofisa vijana wa jeshi la majini walimwua nyumbani kwake. Mwaka 1933 na 1934 maofisa walioiunga mkono mikataba waliondolewa jeshini mmoja baada ya mwingine. Tarehe 29 Desemba 1934 Japani ilipotoa taarifa ya kujitoa katika Mkataba wa Washington, walioutetea walikuwa wamekwisha kufa, kustaafishwa au kunyamazishwa. Ukomo wake ulikuwa tarehe 31 Desemba 1936.

Hata hivyo nafsi yangu inanibishia, na haki ya kubisha inayo. Je, Hitler naye? Tarehe 18 Juni 1935 Uingereza, bila ridhaa ya Ufaransa, iliafikiana na Ujerumani kwamba Wajerumani wataunda hadi asilimia 35 ya nguvu za manowari za Uingereza, na tarehe 28 Aprili 1939 Hitler akayakana maafikiano yale. Huko hapakuwa na Hamaguchi wa kupigwa risasi. Aliyekubali ndiye huyo huyo aliyekana, na neno langu haliwezi kumweleza. Tena ni kweli kwamba Japani iliunda manowari kama Mogami zilizozidi uzito uliotangazwa, na Italia vilevile. Na ni kweli kwamba kufunga mlango wa manowari kubwa kulifungua mwingine: mkataba uliiruhusu kila nchi igeuze viunzi viwili vya manowari kubwa kuwa manowari za kubeba ndege, na kimoja cha Japani kikawa Akagi. Mwezi Aprili 1942 Akagi ndiyo iliyoongoza kundi lililoshambulia bandari za Colombo na Trincomalee huko Ceylon (Sri Lanka ya leo), na Waingereza wakaziondosha manowari zao kongwe huko na kuzileta hapa kwetu Kilindini. Babu yako, akiwa kuli kijana, alizipakia makaa ya jikoni na maji, akatusimulia hadi uzeeni ukubwa wa Resolution na Revenge. Zilikuwa kongwe kwa sababu mikataba ilikataza kuunda za kuchukua nafasi yake. Mwenzako anaweza kuniambia kwamba usalama wa Uingereza ulivunjwavunjwa Washington, nami sitakuwa na jibu jepesi, isipokuwa kumkumbusha kwamba kwa miaka 14 mabilioni ya fedha hayakutupwa baharini, na kwamba bila mkataba Japani nayo ingekuwa na manowari 16 za mpango wake wa zamani.

Utataka niseme basi kama mikataba ile ilifaulu au ilishindwa. Ulimi unaniwasha, na nusura niandike kwamba ilifaulu na watu ndio walioshindwa, lakini nikikumbuka Ujerumani kalamu inasita. Kwa hiyo hukumu nakuachia, ingawa si kwa hiari yangu. Mpe mwenzako kazi moja kabla hamjaendelea kubishana. Aichukue miezi ile kuanzia Aprili hadi Novemba 1930, amtazame Hamaguchi akipambana na makamanda, na upinzani, na Baraza la Faragha la mfalme hadi mkataba ukaridhiwa, kisha aonyeshe ni siku gani hasa ambayo mtu yule alikosa nia. Akiipata, niandikie.

Wasalimie wajukuu wangu.

Mama yako