Nyoka wa njuga wa milimani Arizona: usingoje kusikia mlio

Swali: Naishi Tucson, Arizona. Mwezi wa Agosti tutapanda milima ya Huachuca, na nimeambiwa kuna nyoka wa njuga adimu mwenye pua iliyobinuka. Nitamtambuaje? Njuga yake itanitahadharisha mapema? Na akiniuma, nifunge bandeji ya kubana kama tulivyofundishwa nyumbani kwa koboko?

Jibu: Njuga usiitegemee. Huyo ni Crotalus willardi, nyoka mdogo wa sentimita 30 hadi 60 hivi, na njuga yake ni ndogo kiasi kwamba mlio wake ni rahisi kuudhania wa mdudu majanini. Asubuhi ya baridi mkia hutikisika polepole zaidi, kwa kuwa misuli haijapata joto. Tena akihisi hatari, mara nyingi hutulia tuli juu ya majani makavu ya mialoni, ambayo rangi yake ndiyo rangi ya mgongo wake. Kwa hiyo tumia macho: usitie mkono nyuma ya gogo wala kukalia jiwe kabla hujaliangalia pande zote. Umechagua msimu wao hasa, maana mvua za Julai hadi Septemba ndizo zinazowatoa nje.

Pua ndiyo alama kuu: magamba ya pembeni juu ya pua yamebinuka yakafanya ukingo. Wa Huachuca ana pia mistari miwili myeupe kila upande wa uso, na mmoja wima kwenye ncha ya pua kushuka kidevuni. Ila mistari hiyo si ya spishi nzima. Wale wa milima ya Animas, New Mexico, ni wa kijivu na uso wao hauna mistari ya wazi. Huko Huachuca utaweza kumchanganya na wadogo wengine wawili: Crotalus lepidus, mwenye mapingili meusi yaliyoachana, apendaye vifusi vya mawe, na Crotalus pricei, mwenye safu mbili za madoa mgongoni. Ukitaka picha, kaa mita mbili au zaidi, uvute kwa lenzi.

Wamebaki juu kwa sababu msitu wao wa mialoni na misonobari ulipanda mlimani kadiri nchi ilivyopata joto na kukauka baada ya enzi ya barafu. Kati ya mlima na mlima sasa kuna nyasi na jangwa wasilolivuka. Jike huzaa watoto wachache, kwa kawaida wawili hadi tisa, hivyo ukimwondoa mmoja pengo halizibwi na wa mlima jirani. Arizona imekataza kumkamata (ndiye hata mmoja wa alama rasmi za jimbo, tangu 1986), na wale wa New Mexico wako kwenye orodha ya shirikisho ya walio hatarini tangu 1978. Mawe nayo usiyapindue.

Bandeji: hapana. Sumu ya koboko hupooza upumuaji, ndiyo maana kuichelewesha kuna faida. Sumu ya nyoka wa njuga kwa kawaida huharibu nyama na kuvuruga kuganda kwa damu. Ukiibana mahali pamoja unaweza kuongeza madhara hapo hapo. Usichanje, usinyonye, usiweke barafu, usimeze aspirini. Vua pete, saa na kiatu kabla ya uvimbe, tuliza mguu au mkono usawa wa moyo, chora kwa kalamu mwisho wa uvimbe na uandike saa. Piga 911; kituo cha sumu ni 1-800-222-1222, bure, saa 24. Kwenye makorongo simu mara nyingi haishiki, basi mwenzako atangulie kutafuta mtandao huku wewe ukitembea kidogo iwezekanavyo.

Nyoka usimpeleke hospitali, hata akiwa amekufa: kichwa kilichokatwa bado huweza kuuma, na dawa ya kuzuia sumu haibadiliki kwa spishi ya nyoka wa njuga. Dawa iitwayo CroFab huanza na vichupa 4 hadi 6, iitwayo Anavip na 10, na mtoto hupewa kipimo sawa na mtu mzima, kwani kinachopimwa ni sumu iliyoingia, si uzito wa mgonjwa.