Ile picha ya njia mbili ilitoka wapi

Ile picha ya njia mbili, pana iendayo motoni na nyembamba iendayo mbinguni, wengine husema ilichorwa na mhubiri wa Kisumu aliyeonyeshwa jehanamu katika maono. Hapana, si kweli. Asili yake ni Stuttgart, Ujerumani, miaka ya 1860, na aliyeibuni ni mama mmoja mcha Mungu, Charlotte Reihlen. Ndiyo maana kuna treni inapita kule juu karibu na moto: kwa wacha Mungu wa wakati ule, kusafiri kwa treni Jumapili kulihesabiwa dhambi. Nakala nyingine zimechorwa upya, kwa hiyo ya kwenu huenda ikatofautiana kidogo.

Na inatisha huku ikivuta macho kwa sababu njia pana ndiyo yenye mambo: jumba la kamari, ukumbi wa maigizo, watu wamependeza. Ya shangazi ilitundikwa sebuleni kwake Nyalenda, mtaa wa Kisumu, na sisi watoto tulikodolea moto tu. Njia nyembamba nani aliiangalia?