Barabara ya Dar Ndani ya Chupa: kwa mnaoanza kazi ya taka na vifungashio Mtwara

Wengi mnaokuja Mtwara kwa mafunzo kwa vitendo, au kwa ajira ya kwanza kwenye idara za mazingira, mnafika na jibu tayari mfukoni: kutumia tena ni bora kuliko kurejeleza, kurejeleza ni bora kuliko kutupa. Ni mpangilio mzuri wa kuanzia, nami naufundisha. Lakini huku kusini kuna mahali unagoma, na kinachougomesha ni barabara.

Tuchukue soda. Kabla ya hesabu yoyote, kubalianeni mnalinganisha nini. Viwango vya ISO 14040 na 14044 vya mwaka 2006, ambavyo ndivyo msingi wa tathmini ya mzunguko wa maisha ya bidhaa, haviruhusu kulinganisha chupa na chupa. Vinataka mlinganishe kazi inayofanywa: kwa mfano, kufikisha soda moja ya mililita 300 mkononi mwa mnywaji wa Mtwara mjini. Mkishaiandika sentensi hiyo juu ya karatasi, neno "Mtwara" linaanza kudai haki yake.

Chupa ya glasi ya kurudisha ina uzito wa gramu 350 hivi. Kutengeneza glasi hutoa, kwa makadirio ya mkono, kilo 1 ya kaboni dioksidi kwa kila kilo, kwa hiyo chupa hiyo inazaliwa na deni la gramu 350. Ikizunguka mara 25, kila soda inabeba gramu 14. Chupa ya plastiki ya kutupa tuipe gramu 20. Resini yake, yaani malighafi ya plastiki, pamoja na kuipuliza iwe chupa ni kama gramu 3 za kaboni dioksidi kwa kila gramu ya plastiki, yaani 60 kwa soda moja. Hadi hapo glasi imeshinda kwa mbali sana.

Sasa ipakieni kwenye lori. Kutoka Dar es Salaam hadi Mtwara ni kama kilomita 560, na kreti lazima lirudi, kwa hiyo ni 1,120. Lori kubwa lililojaa tulihesabie gramu 100 za kaboni dioksidi kwa kila tani kwa kila kilomita. Glasi peke yake, bila hata soda iliyomo, inaongeza gramu 39. Jumla ni 53, na hamjaweka maji ya moto ya kuoshea wala kreti lenyewe. Plastiki kwa safari hiyo hiyo inaongeza gramu 1 tu. Ushindi uliokuwa wa wazi Kariakoo, ukifika Mtwara ni sare. Na chupa ikizunguka mara 10 badala ya 25, kwa sababu inavunjika au inabaki kijijini imejazwa mafuta ya nazi, glasi inashindwa.

Hizi ni namba za mfano, msizinakili kwenye ripoti. Tafuteni zenu: pimeni chupa kwa mzani, waulizeni madereva lita za dizeli, waulizeni wauzaji wa jumla kreti ngapi hazirudi. Nimewawekea mfano ili mwone ni namba ipi inayoamua, maana kwenye kila tathmini kuna namba mbili au tatu zinazobeba uamuzi wote. Kwa kifungashio kizito cha kurudisha ni idadi ya mizunguko na kilomita, na hizo hamzipati kwenye kanzidata ya Ulaya. Ziko stoo ya muuzaji wa jumla.

Kuna swali mtakaloulizwa na msimamizi yeyote makini: je, lori lile lingerudi Dar tupu hata bila makreti? Kama ndiyo, si haki kulitwisha kreti tupu mzigo wote wa safari ya kurudi. Amueni mgawanyo, uandikeni wazi, kisha fanyeni hesabu kwa njia zote mbili. Ripoti ikibadilika jibu kwa sababu ya uamuzi huo mmoja, msomaji ana haki ya kujua.

Ukiniuliza mimi, kwa pwani hii bado nachagua glasi. Hesabu ya kaboni haina safu ya chupa inayonasa kwenye mizizi ya mikoko, na sisi tuna Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma hapo jirani. Haina pia safu ya moshi wa plastiki inayochomwa nyuma ya nyumba jioni, watoto wakiwa wanacheza. Lakini nasema hivyo kama uamuzi wangu, nje ya jedwali. Kuchomeka mapenzi yako ndani ya namba ni kumdanganya msomaji, hata kama mapenzi hayo ni mema.

Kwa plastiki inayokwenda kurejelezwa, barabara ile ile haina ukali huo, na hili huwashangaza wengi. Tani moja ya chupa zilizobanwa, ikiwa kwenye lori lililojaa, inatoa kama kilo 56 za kaboni dioksidi hadi Dar. Resini mpya ya tani moja hutoa zaidi ya tani 2, na hata ukitoa nishati ya kuosha na kusaga, faida inayobaki ni kubwa kuliko safari. Neno la kuangalia hapo ni "zilizobanwa". Chupa zilizorushwa tu kwenye lori ni hewa inayosafirishwa: lori lenye uwezo wa tani 10 linajaa kabla halijafika tani 2, na dizeli ni karibu ile ile. Kwa hiyo mtu akija na mradi wa kukusanya chupa, swali langu la kwanza ni kama kuna mashine ya kubania. La pili ni zitasagwa wapi, kwa kuwa umeme wa Mtwara kwa miaka mingi umetoka kwenye gesi ya Mnazi Bay, ilhali gridi ya taifa sasa ina maji mengi ya Bwawa la Julius Nyerere lenye uwezo wa megawati 2,115. Msichukue namba moja ya "umeme wa Tanzania" na kuipaka kila mahali.

Gunia la korosho ni darasa jingine. Korosho ghafi haiwekwi kwenye salfeti, kwa sababu inahitaji kupumua. Inawekwa kwenye gunia la juti, kilo 80, na juti nyingi hulimwa Bangladesh na India. Gunia linavuka bahari likiwa tupu, linajazwa ghala la AMCOS (chama cha ushirika cha wakulima), kisha linavuka tena na korosho kwenda India au Vietnam na halirudi. Ndiyo maana huwezi kuzungumzia matumizi ya pili ya gunia bila kuzungumzia kubangua. Korosho ikibanguliwa Mtwara, Lindi au Masasi, gunia linabaki kwetu na linaweza kurudi ghalani, na maganda yenye mafuta yanakuwa kuni za boila badala ya kusafirishwa kama uzito. Mkipewa nafasi ya kuchagua mada ya utafiti, chagueni hii. Ina manufaa kwa mkulima wa Tandahimba na Newala kuliko utafiti wa kumi wa mirija.

Halafu kuna matumizi ya pili ambayo lazima yakatazwe. Msimu wa kupuliza dhidi ya ubwiriunga, ugonjwa wa ukungu wa mikorosho, unaacha vijijini mifuko ya salfa na chupa za viuatilifu, na utakuta chupa nzuri yenye mfuniko imesuuzwa, imejazwa maji ya kunywa. Hapo hakuna hesabu ya kaboni. Chupa ya kiuatilifu isuuzwe mara tatu, maji ya kusuuzia yarudi kwenye bomba la kupulizia, kisha itobolewe ili isibebe chochote tena. Mkikuta mama ameiweka jikoni, msimkaripie. Salimuni, kaeni, ombeni kuiona, elezeni. Na mkiweza, mwachieni dumu safi, maana aliichukua kwa sababu alihitaji chombo.

Kuhusu mifuko, mtakutana na utafiti wa Wakala wa Mazingira wa Uingereza uliotolewa mwaka 2011, unaosema mfuko wa polipropilini usiofumwa (ule wa plastiki unaofanana na kitambaa) utumike mara 11 na wa pamba mara 131 ndipo ulingane na mfuko mwembamba wa plastiki kwa athari ya tabianchi. Tangu Juni 1, 2019 mifuko hiyo myembamba imepigwa marufuku kwetu, na huo usiofumwa ndio uliochukua nafasi yake sokoni. Namba 11 ni ya mfuko wa Uingereza. Wetu unachanika baada ya safari ngapi za sokoni? Hilo linapimika kwa kaya chache na daftari, na jibu lake lina thamani kuliko kunukuu.

Msisahau kilicho kizito dampo. Sehemu kubwa ya taka za miji yetu ni mabaki ya chakula: maganda ya mihogo na ndizi, vifuu, matumbo ya samaki. Yakifukiwa bila hewa yanatoa methani, ambayo kwa kipindi cha miaka 100 inapasha joto karibu mara 28 ya kaboni dioksidi. Chupa zinaonekana, ndiyo maana kila mfadhili anazitaka.

Pangeni kupima taka mapema, Agosti au Septemba, kisha mpime tena Novemba. Minada ya korosho ikianza Oktoba fedha zinaingia mifukoni, na taka zinabadilika sura: maboksi ya bidhaa mpya, chupa za bia na soda, mifuko ya saruji ya watu wanaojenga. Kipimo cha mwezi mmoja hakiwezi kusimama badala ya mwaka wa Mtwara. Na mkienda kwa wanunuzi wa skrepa, nendeni asubuhi na mapema kabla waokotaji hawajaleta mizigo. Mchana mzani una foleni, na kila dakika mnayomshikilia mwenye mzani ni ya mtu anayesubiri hela ya unga.