Shangazi, nisaini fomu ya mkopo wa nyumba?

*Shangazi, shikamoo. Naishi Gungu, hapa Kigoma. Mume wangu ni mtumishi wa serikali, ana miaka 39. Mimi nanunua dagaa mwalo wa Kibirizi nasafirisha Tabora. Tuna watoto watatu na tumepanga mwaka wa tisa sasa. Amepata nyumba Buzebazeba, bei milioni 62. Akiba yetu ni milioni 12, na saba kati yake zimetoka kwenye dagaa wangu. Benki itatupa 50 zilizobaki kwa miaka 20, riba asilimia 17 kwa mwaka, rejesho 733,400 kila mwezi. Afisa mikopo amenipa fomu ya ridhaa ya mwenza, anataka niisaini Ijumaa. Nikimuuliza mume wangu mwisho wa yote tutakuwa tumelipa shilingi ngapi, ananijibu, "Nyumba ni milioni 62, unataka nini zaidi?" Kodi yetu ya laki na themanini anaiita pesa ya kutupa. Juzi kaniambia simtakii maendeleo. Nikisaini naogopa, nisiposaini nyumbani hakutakalika. Mama Shukuru.*

Marahaba, mwanangu.

Umeuliza swali la mtu mwenye akili ukajibiwa kama mtoto, ndiyo maana limekukaa kooni. Tulijibu kwanza, mambo ya ndoa yatafuata.

Fungua kikokotoo cha simu (si kile cha pensheni kinachowatoa watumishi jasho). Piga 733,400 mara miezi 240. Utapata 176,016,000. Ongeza milioni 12 zenu za mwanzo. Nyumba ya milioni 62 imekuwa ya milioni 188, na bado hujamlipa mthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Kwa hiyo baba Shukuru hajakudanganya, amekutajia bei ya muuzaji. Bei ya benki hajakutajia, na nina wasiwasi kwamba hata yeye hajaipiga.

Lakini hiyo jumla siyo iliyonishtua mimi. Kilichonishtua ni mwezi wenu wa kwanza. Asilimia 17 ya milioni 50 ni milioni nane na nusu kwa mwaka. Gawa kwa 12, unapata 708,333. Hiyo ni riba ya mwezi mmoja. Sasa toa kwenye rejesho lenu la 733,400. Kinachobaki ni 25,067. Umesoma vizuri, elfu ishirini na tano na vichele. Hizo ndizo zilizogusa deni, nyingine zote ni riba.

Wewe ni mtu wa dagaa, nikupe mfano wa kwako. Umelipia sado nzima, umefika nyumbani unapepeta, kumbe ni mchanga mtupu na dagaa kiganja kimoja juu. Ila hapa hakuna aliyekuibia. Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni ni kubwa, basi riba inameza karibu rejesho zima. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba inapungua kidogo, na zile elfu 25 zinaongezeka mia tatu na hamsini hivi. Ndivyo itakavyokwenda, polepole kama treni ya zamani ikipanda mlima, hadi miaka ya mwishoni ndipo pesa yenu itaanza kula deni kwelikweli.

Kwa mwaka wa kwanza wote mtalipa milioni 8.8, na deni litapungua kwa shilingi 325,000 hivi. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmetoa milioni 44, na mkienda kuuliza mnadaiwa kiasi gani mtaambiwa milioni 47 na laki sita na ushee. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari kwa kalenda, mmetoa milioni 88 na bado mnadaiwa milioni 42. Ndiyo maana watu wanaopata uhamisho au kufiwa wakalazimika kuuza nyumba mwaka wa sita wanatoka benki wamenyamaza.

Kuhusu hiyo kodi inayotupwa, inatupwa milioni 2 na laki moja na elfu sitini kwa mwaka. Riba ya mwaka wa kwanza ni kama milioni nane na laki nne na elfu sabini na tano. Mwambie baba Shukuru, kwa upole, kwamba kama tunazungumzia pesa ya kutupa basi tuzitaje zote mbili.

Hata hivyo sitaki umwone mumeo mjinga, kwa sababu si mjinga. Kodi ya laki na themanini haitabaki hapo miaka 20, mwenye nyumba naye ana watoto wa shule. Mshahara unapanda, shilingi inapungua nguvu, na rejesho hilohilo linalowaumiza leo mwaka wa kumi na tano litakuwa jepesi zaidi. Mwishoni mna nyumba, na mpangaji mwishoni ana risiti. Halafu asilimia 17 si bei ya ajabu kwetu, mikopo ya nyumba Tanzania mara nyingi imecheza kati ya 13 na 19, na haifanani hata kidogo na ile mikopo ya kausha damu inayowakimbiza akina mama na magodoro yao. Anachokitaka ni kizuri. Ugomvi wangu ni na ile miaka 20.

Tazama. Milioni 50 hizohizo, riba hiyohiyo, kwa miaka 10, rejesho ni 869,000 hivi. Tofauti na la sasa ni laki moja na elfu thelathini na tano kwa mwezi. Lakini jumla ya kulipa inashuka kutoka milioni 176 hadi 104. Milioni sabini na mbili, mwanangu! Hiyo ni nyumba nyingine kule Buzebazeba na chenji inabaki.

Najua utakachosema, kwamba mshahara hautoshi, na sheria inataka theluthi ya mshahara wa mtumishi ibaki mkononi. Sawa. Basi iacheni miaka 20 kwenye karatasi, na nyinyi mlipe zaidi. Mkiongeza laki moja tu kila mwezi juu ya 733,400, deni linaisha kwa miaka 11 na miezi mitatu hivi, na mnakuwa mmelipa kama milioni 112. Laki moja hiyo inaweza kutoka Kibirizi. Na ukikwama mwezi mmoja hakuna atakayekufuata, kwa sababu mkataba unadai 733,400 peke yake.

Hapo kuna mtego, na mimi mwenyewe niliuingia. Mimi na marehemu mume wangu tulikopa kumalizia nyumba yetu ya Ujiji kwa mkopeshaji mmoja, jina nalihifadhi. Mwaka wa tatu tukauza mawese vizuri, tukapeleka milioni nne dirishani ili kupunguza deni. Tukapewa risiti, tukapewa na tabasamu. Mwaka uliofuata tunaomba taarifa ya mkopo, deni liko vilevile kana kwamba hatukwenda. Kumbe pesa yetu waliihesabu kama marejesho ya miezi ijayo, ikawa inakatwa mwezi kwa mwezi na riba yake juu. Tulikuwa hatujaandika popote kwamba ikate deni la msingi, yaani ile pesa yenyewe tuliyokopa. Mume wangu alikaa kwenye kochi jioni nzima ameishika ile risiti. Kwa hiyo kabla ya Ijumaa muulize afisa mikopo: tukileta ziada, inapunguza deni la msingi siku hiyohiyo? Kuna adhabu ya kulipa mapema? Na hiyo asilimia 17 imefungwa hadi mwisho, au benki inaweza kuipandisha katikati? Majibu yawe kwenye mkataba. Ya mdomoni hayana mhuri.

Mwombe pia ratiba ya marejesho, ile yenye safu ya riba, safu ya deni la msingi na salio, mistari yote 240. Benki inayo, inatoka kwenye kompyuta kwa dakika moja. Akikuambia utaipata baada ya kusaini, na wewe mwambie saini ataipata baada ya ratiba.

Sasa pesa yako wewe. Rejesho halijui mbalamwezi. Mwezi ukiwa mpevu mitumbwi inalala, taa hazivuti dagaa, na wewe unakaa unahesabu magunia matupu. Mwaka 2024 ziwa lilifungwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti, na wewe unajua kuliko mimi uliishije miezi ile mitatu. Kwa hiyo mkopo wa lazima ubebwe na mshahara peke yake, dagaa wabebe ziada. Mkipanga 733,400 kwa kutegemea mwalo, mmejenga juu ya mchanga. Na wekeni kando marejesho ya miezi mitatu kabla ya kuhamia, hata kama sebule itakaa na mkeka mwaka mzima. Watu wanahamia na kochi jipya la mkopo, ni jambo ambalo sijawahi kulielewa.

Ungeniuliza mimi ningefanyaje, ningekopa kidogo. Milioni 30 kwa miaka 10, kwa riba hiyohiyo, ni 521,400 kwa mwezi, na jumla yake ni milioni 62 na nusu. Yaani rejesho dogo kuliko mnalotaka kusaini, na miaka nusu. Pamoja na akiba yenu, hiyo ni nyumba ya milioni 42. Haitakuwa ya Buzebazeba yenye vigae. Pengine ni pagala lenye bati upande wa Mwandiga, mkahamia madirisha yakiwa na turubai. Wengi wetu ndivyo tulivyohamia. Kujenga kwa awamu nako kuna riba yake isiyoandikwa, saruji inapanda, tofali zinaibiwa, na unaendelea kulipa kodi huku unajenga, kwa hiyo sisemi ni bure. Nasema iwekeni mezani nayo ipigiwe hesabu.

Ile fomu. Usiichukulie kama karatasi ya kumridhisha mume. Sheria ya Ndoa ya 1971 na Sheria ya Ardhi zinakataza nyumba ya familia kuwekwa rehani bila ridhaa ya mwenza, na zimekataza hivyo kwa sababu ya wanawake waliotolewa vitanda nje na dalali bila kujua nyumba ilikuwa na deni. Ukisaini, unasema: nimeelewa kwamba tukishindwa kulipa, baada ya notisi ya siku 60 nyumba hii inaweza kuuzwa. Hiyo ndiyo saini yako. Huwezi kuiweka kwenye jambo ambalo hukujibiwa, na hakuna atakayekuita mke mbaya kwa hilo isipokuwa mtu aliyekasirika, ambaye kesho atapoa.

Na kwa kuwa saba kati ya zile 12 ni zako, hati itoke kwa majina yenu wawili. Liseme mapema, liseme kwa kawaida, kama unavyosema chumvi imeisha. Waulizeni pia hati ya kiwanja ilitolewa kwa miaka mingapi, 33, 66 au 99, na imebaki mingapi. Usije ukamaliza deni na hati inakaribia kumaliza muda wake.

Kuhusu baba Shukuru, nadhani amechoka kuitwa mpangaji. Mwanamume wa miaka 39 akipita mtaani anaona wenzake wana mageti, na kila ukimuuliza hesabu anasikia "huwezi." Kwa hiyo usimuulize tena "tutalipa shilingi ngapi," maana jibu unalo. Alhamisi usiku watoto wakishalala, mpikie mgebuka wa mawese anavyoupenda, mwache ale amalize. Kisha mpe simu yake mwenyewe mkononi, apige yeye: milioni 50 mara asilimia 17, gawa kwa 12, toa kwenye rejesho. Usimsomee jibu. Mwache alione kwa macho yake lile 25,067, nawe endelea kutoa vyombo.

Akinyamaza muda mrefu, usimsaidie.

Ijumaa nendeni wote wawili, na kalamu ibaki kwenye mkoba hadi ratiba itoke. Ukishaipata, piga picha ukurasa wa kwanza na ule wenye rejesho la 60, unitumie. Nitasoma nikiwa na miwani.

Shangazi yako, Ujiji.