Nilitoka kwenye mitindo nikaenda kuigiza jini, haya ndiyo yaliyonikuta

Dada mleta uzi, umeuliza kama miaka minne ya uanamitindo itamsaidia mdogo wako anayetaka kuigiza filamu za majini na za kutisha, au atachekwa. Mimi nilipita humo humo, hapa hapa Bagamoyo.

Kazi ya kwanza nilipewa kwa sababu ya urefu tu. Nilikuwa jini anayetoka baharini. Tumefika ufukweni saa kumi alfajiri, tunasubiri maji yapwe, maana dairekta anautaka ule mchanga unaong'aa mpaka kwenye mikoko. Nimevaa lenzi nyeupe, naona ukungu mtupu, na chumvi ikiingia machozi hayakatiki. "Tembea." Nikatembea. Akasimamisha kamera. "Bi dada, unauza gauni. Jini hauzi gauni." Tukarudia mara kumi na moja, maji yakaanza kujaa.

Kosa langu lilikuwa macho. Kwenye maonyesho ya mavazi unatazama juu ya vichwa vya watu. Kwenye filamu unamtazama mwenzako na kumsikiliza. Na filamu za aina hii ni mtihani zaidi, mwenzako mara nyingi hata hayupo. Unakitetemekea kijiti chenye kitambaa chekundu, dude lenyewe litachomekwa baadaye kwa kompyuta.

Nikaenda kujibanza kwa vijana wanaosoma TaSUBa, chuo cha sanaa kilichopo hapa tangu 1981. Walinivua viatu. Wiki mbili hakuna kuigiza, ni ngoma tu, magoti yamekunjwa, mpaka ule mwendo wa twiga ukanitoka.

Mwambie amtafute mtandaoni mwigizaji Tricia Helfer. Binti wa wakulima wa Alberta, Kanada, alishinda shindano la Ford Models mwaka 1992, akafanya mitindo kama miaka kumi. Mwaka 2003 akapata nafasi ya Number Six kwenye Battlestar Galactica, tamthilia ya televisheni ya vita vya angani: roboti mwenye umbo la mwanamke, na nakala zake ziko nyingi. Sura ile ile, lakini mmoja anarubuni wanaume, mwingine ni mfungwa aliyeteswa hadi hatazamiki. Mtazame mabega tu, utajua ni yupi. Hapo ndipo uanamitindo unapolipa, kuujua mwili wako kiungo kwa kiungo. Halafu 2010 akawa sauti ya Kerrigan kwenye gemu la StarCraft II, uzuri wote ule hauonekani hata kidogo! Kwa hiyo mdogo wako afanyie mazoezi na sauti. Yangu ilikuwa ya kuombea chumvi mezani.

Lenzi za macho asikubali kuazimwa, anunuliwe zake. Na mkataba uwe wa maandishi kabla hajakanyaga mchanga. Nilipewa nusu ya malipo, nusu nyingine niliahidiwa "tukishauza". Filamu imeuzwa, prodyuza hapokei simu. Zile lenzi bado ninazo kabatini, hajathubutu kuzidai.